Jua la Chomboni

Siku mke wangu alipopaka jiko letu rangi ya chungwa, ndipo nilipoogopa kweli.

Sisemi chungwa la kupendeza. Nasema chungwa la vile vizibao vya watu wanaofukia mashimo barabarani, rangi ya kumwambia dereva kaa mbali. Ilikuwa ukutani, mlangoni, mpaka kwenye rafu ya vikombe. Nilisimama na mfuko wa nyanya mkononi. Yeye alikuwa amekaa kwenye kigoda, brashi mapajani, amenywea.

"Nilichagua kijivu," alisema. "Kijivu kilichotulia."

"Hiki?"

"Nilikiangalia kazini. Nilienda na kifuniko cha kopo, nikakigeuza huku na huku. Kilikuwa kijivu, nakuapia."

Mama mkwe wangu, ambaye tunaishi naye, alichungulia kutoka sebuleni. "Mwanangu, mimi nina mtoto wa jicho, na hata mimi nimeona ni chungwa."

Angekuwa mtu mwingine ningecheka mpaka mbavu ziniume. Lakini mke wangu ni fundi taa wa kile kipindi cha televisheni ambacho mtaa mzima unakiita Chombo, na yeye mwenyewe ndiye aliyenifundisha kwamba chini ya taa ya bluu rangi ya chungwa hufa ikawa kijivu. Hilo alilijua kabla hatujaoana. Hakukosea kwa kutojua basi. Alikosea kwa sababu amekaa ndani ya studio yao ya bluu mpaka akasahau kwamba taa zimewashwa. Bluu ilikuwa imegeuka kuwa mwanga wenyewe, na mwanga wetu sisi wengine ndio uliokuwa wa ajabu.

Niseme tulivyoanza, ili mjue nilichokuwa nacho na nilichokuwa nakipoteza. Mimi ni fundi vioo. Nakata vya madirisha, vya makabati, vya fremu. Yeye wakati huo alikuwa msaidizi wa mpiga picha, akaja dukani kutafuta vioo vya fremu. Nilimtolea kimoja, akakiinua kuelekea mlangoni, akakitazama kwa muda kuliko adabu inavyoruhusu.

"Hiki kitawafanya watu waonekane wagonjwa," alisema. "Kina ukijani. Huna kile cheupe kabisa?"

"Hicho mpaka kiagizwe, bibie."

"Sasa si uagize?"

Nikaagiza kioo, nikapata mke. Na mwaka tuliooana tuliagiza kingine, kikubwa, kirefu kuliko mlango na kipana mara mbili yake, safi, hakina hata chembe ya kijani. Kilikuwa cha dirisha la chumba cha picha tulichopanga kufungua, yeye akipiga picha kwa mwanga wa mchana tu, bila taa hata moja. "Mwanga wa dirisha haumsengenyi mtu," alikuwa akisema. Tulikifunga magunia tukakiegemeza kwenye ukuta wa nyuma dukani kwangu, ukuta ambao tulikuwa tumeupaka njano wiki ileile. Wateja walikitamani. Niliwaambia kina mwenyewe.

Halafu akaitwa kusaidia kwenye Chombo, kwa muda tu. Hayo maneno, "kwa muda tu", yangekuwa na shingo ningeshayanyonga.

Kipindi chenyewe ni cha watu waliopotea angani, wanazunguka miaka nenda miaka rudi wakitafuta pa kutua. Kinapigwa picha ndani ya ghala la zamani la sabuni, madirisha yote yamepakwa rangi nyeusi ili mchana usiingie. Mwanzoni hawakuwa na kitu. Kuta za chombo zilikuwa trei za mayai zilizopuliziwa rangi ya fedha. Mitambo ilikuwa mabeseni na mipira ya kumwagilia bustani. Kapteni alibeba begani machujio mawili ya chai ndiyo vyeo vyake. Walipiga picha siku ya kwanza kwa taa za kawaida, na mwongozaji, bwana mmoja mwembamba anayetafuna vifuniko vya kalamu, alipoona matokeo alikaa chini kwenye sakafu. Alisema inaonekana jiko limepata ajali.

Mke wangu akazima taa zote. Akafunika chache kwa plastiki ya bluu, akazificha chini na nyuma ya trei, mwanga ukawa unagusa kingo tu. Trei zikawa chuma. Mabeseni yakawa kitu ambacho usingethubutu kukigusa bila ruhusa.

"Bluu inaficha," aliniambia usiku huo, macho yanameta kwa furaha. "Ukiwasha nyeupe kila kitu kinajitaja. Ukiwasha bluu, mtazamaji anamalizia mwenyewe kichwani."

Akawatungia sheria zao za rangi. Bluu ni chombo chenyewe, ni usalama. Nyekundu ni adui yuko karibu, na hata watoto wa mtaani kwetu wakiona nyekundu kwenye skrini wanaingia chini ya meza. Kijani kikimwangukia mtu usoni, huyo usimwamini, ana lake jambo. Lakini bluu tupu humfanya mtu aonekane maiti, kwa hiyo kila mwigizaji alimwekea kitaa kidogo cha njano pembeni, kinamgusa shavu moja tu. Kapteni aliwahi kumuuliza hiyo njano inatoka wapi wakati angani kwao hakuna jua. Akamjibu, "Ya nyumbani. Umetoka nayo."

Wakampa jina la Mama Bluu. Chombo kikapendwa. Mama mkwe hakikosi hata siku moja, ingawa hajawahi kuamini kwamba binti yake ana mkono humo. "Hawa watu hawana jua," huwa anasema, "nguo zao wanaanika wapi?"

Na hapo ndipo mlango ulipofungwa. Kama ukuta ni trei za mayai na kinachozificha ni bluu, basi bluu haiwezi kuzimwa, na anayejua kuichanganya hawezi kuondoka. Aliugua homa mara moja, wakaleta fundi mwingine, kijana mwenye vyeti vyake safi. Watu walipiga simu kituoni kuuliza kwa nini wanaonyeshwa trei za mayai. Mwongozaji akaja kwetu akiwa na matunda ya mgonjwa, akakaa ukingoni mwa kiti. "Shemeji," aliniambia, "bila huyu sisi ni duka la mayai." Tukacheka wote. Nilicheka na mimi, mjinga.

Kila mwaka waliahidi kwamba chombo kitatua na kipindi kitaisha. Kila mwaka kilikaribia sayari fulani, ikatokea nyekundu, kikakimbia. Mke wangu alitoka nyumbani jua halijapata nguvu, akarudi taa za barabarani zimewaka. Jumapili alikaa sebuleni ameupa mgongo mwanga, mkono kwenye paji la uso. Kinyozi hajinyoi. Mimi kutwa nzima nawauzia watu mwanga, nyumbani nina mke asiyeweza kuutazama. Nilimkumbuka akiwa amekaa mbele yangu. Nililionea wivu ghala, na sijui mwanamume mwingine aliyewahi kulionea gere jengo la sabuni akakubali kusema.

Kwa hiyo siku ya jiko la chungwa nilitua mfuko wa nyanya nikamwambia, "Toka huko. Sikuombi."

"Mwaka huu kinatua," alisema. "Usinitazame hivyo. Nimeyasoma maandishi mwenyewe. Mlango unafunguliwa, jua linaingia, mwisho. Nawasha jua, nazima bluu, nakabidhi funguo."

Nilitaka kubisha, ila mambo yalikuwa yamejipanga ajabu. Mshonaji wa jirani na duka langu alikuwa anahama, na chumba chake kina ukuta mpana wa mbele unaotazama barabara, kama kilichojengwa kwa ajili ya dirisha letu. Mama mwenye nyumba alikubali kutushikia mpaka mwisho wa mwezi. Siku moja zaidi hakukubali.

Kitu kimoja tu kiliwakwamisha pale chomboni. Mwongozaji alitaka jua liingie kwanza kupitia dirisha kubwa la mbele, na alitaka kioo cha kweli, kikubwa, kisicho na ukijani. Mke wangu hakuniomba. Alinisimulia tu mezani, akinyofoanyofoa mkate.

"Kipo," nilisema.

"Hicho ni chetu."

"Kitarudi. Wakitua tu nakibandua, nakileta kwenye dirisha lako. Kitakuwa kimeshafanya mazoezi ya jua."

Akacheka, mara ya kwanza tangu ile rangi. Mchimba kisima huingia mwenyewe, wahenga walishasema, lakini ukiwa unachimba unaona maji tu.

Nilikipeleka kwa mkokoteni, kimelala juu ya magodoro, nikikisindikiza kwa miguu na kumkaripia kila aliyekisogelea. Nilikuwa sijawahi kuingia ghalani taa zikiwa zimewaka. Mlango ulifungwa nyuma yangu. Mikono yangu ilikuwa mikono ya mtu aliyekufa jana. Sikujua kama nje ni asubuhi au ni jioni, na hakuna hata mmoja mle aliyeonekana kujali. Wote waliniita shemeji, kuanzia Kapteni mpaka mama anayeshona mavazi, wakanipa chai, nayo chai ilikuwa nyeusi kama wino. Nilikifunga kioo kwa vipande vyembamba vya mbao na skrubu chache, makusudi, kisije kikanisumbua kutoka.

Mke wangu aliweka taa yake kubwa kuliko zote nje ya kioo, juu kabisa, akaielekeza ndani. Akanitafuta kwa macho mpaka akanipata.

"Tayari?" aliuliza, na nilijua ananiuliza mimi.

Akazima bluu. Akawasha jua.

Nimeuza vioo maisha yangu yote na sijawahi kuona mwanga ukipita kwenye kioo namna ile. Ulimwagika mpaka kona za mwisho. Na kila ulipofika, kitu kilijitaja jina lake. Mimi beseni. Mimi trei ya mayai, dazeni mbili na nusu. Mimi mpira wa bustani, nimepasuka hapa. Nyuma ya mtambo mkuu jamaa mmoja alikuwa anajikuna, akaganda mkono ukiwa ndani ya shati. Kapteni alitazama kuta, akatazama mabega yake.

"Kumbe," alisema taratibu, "miaka yote hii tulikuwa tunaishi kwenye kabati la vyombo."

Mmoja alicheka. Kicheko hakikupata mwenzake. Yule mama wa mavazi alikimbia akamfunika Kapteni machujio kwa viganja vyake, utadhani amekuta mtu uchi.

Mimi nilikuwa namtazama mke wangu. Alisimama katikati ya ule mwanga, kidevu kimeinuka, na macho yake hayakufumba. Niliona ana mvi juu ya masikio, nyingi, na mstari mpya pembeni ya mdomo. Sikuwa nimeviona. Tunalala kitanda kimoja na sikuwa nimeviona.

"Zima," mwongozaji alisema. "Zima! Zima!"

Bluu ikarudi, na watu wakashusha pumzi kama waliorudishiwa nguo.

Mwongozaji alitema kifuniko cha kalamu. "Hatuwezi kuwaonyesha watu hiki. Tutakuwa tumewaambia tuliwadanganya. Na kituo kimeshasema, watazamaji wamechoka kuzungushwa. Kitue, au kipindi kifungwe." Akazunguka mara moja, akasimama mbele ya mke wangu. Sauti yake ikawa ya mtu anayeomba maji. "Mama Bluu. Unaweza kututengenezea jua la bluu? Jua, lakini lifiche?"

Kapteni alikuwa ameshika mkono wa mama wa mavazi. Yule jamaa hakuwa amekumbuka kutoa mkono kwenye shati. Mimi nilikuwa kando ya kioo changu, bisibisi mkononi.

Neno moja tu lilihitajika. Angesema haiwezekani, nani angembishia? Hakuna mtu mle aliyejua taa kama yeye. Bluu ingekufa siku hiyohiyo, kioo ningekibeba jioni, na kesho yake tungekuwa kwa mama mwenye nyumba tukipokea funguo. Nilimtikisia kichwa, kidogo tu, hapana. Katika giza lile la bluu aliniona. Najua aliniona.

"Naweza," alisema.

Walishangilia mpaka trei zikatikisika. Kapteni alinikumbatia, machujio yakanichoma shingo. "Shemeji, umetuokoa na kioo chako!"

Tulirudi nyumbani kwa miguu. Damu ilikuwa inanichemka, na sikusubiri tufike.

"Kwa nini hukusema huwezi?"

"Kwa sababu naweza."

"Hiyo ndiyo sababu?"

"Ungetaka niseme nini? Wale watu wamenitazama usoni wakaniuliza kazi yangu." Alisimama kando ya barabara. "Nilipokuona unatikisa kichwa nilitaka kulia. Nilifungua mdomo niseme siwezi, na hapohapo nikaliona lile jua. Nikaona taa zake zinakaa wapi. Lilikuwa limeshawaka kichwani, nitalizima vipi?"

"Ungedanganya. Mara moja maishani."

"Wewe ukiletewa dirisha, unajua kabisa kwamba linakatika, utasema halikatiki?"

"Kwa ajili ya mke wangu? Bila kupepesa."

"Muongo," alisema, akaendelea kutembea.

Chombo kikatua, basi. Kilitua kwenye sayari yenye jua la bluu, na watu wakaendelea kukaa humohumo ndani ya chombo kwa sababu nje, eti, hewa bado inapimwa. Nikubali tu, lilikuwa jua zuri. Lilipanda polepole nyuma ya kioo changu, bluu iliyokolea kisha bluu nyepesi, na kwenye shavu la Kapteni ile njano ndogo ikazidi kidogo, ukaona kabisa mtu amekumbuka kwao. Nililia, na nilikuwa bado nimemkasirikia. Mama mkwe alisema afadhali wamepata jua, ingawa hilo halikaushi nguo. Watoto wa mtaani sasa wakichora nyumba na mti, jua wanalipaka bluu.

Kioo hakikurudi. Kitarudije, ndiyo dirisha ambalo nchi nzima inalitazama? Chumba cha mshonaji kilichukuliwa na muuza magodoro, akayaegemeza yote kwenye ule ukuta wa mbele. Na dukani kwangu, pale kilipokuwa kimesimama kioo, kumebaki kiraka kikubwa cha njano. Ukuta mwingine wote umekula vumbi na moshi mpaka umekuwa wa kahawia. Nyuma ya magunia, rangi ya mwaka tuliooana imebaki vilevile. Sikuweka rafu hapo, wala kalenda. Jiko pia hatujalipaka upya. Yeye anasema amelizoea, mimi nasema angalau ndani ya nyumba kuna kitu kimoja kinachopiga kelele.

Wiki iliyopita alikuja dukani mchana, kitu ambacho hakijatokea sijui tangu lini. Alisimama mlangoni mkono juu ya macho, akingoja yazoee. Akakitazama kile kiraka, kisha akanitazama mimi.

"Wanajenga chumba kingine," alisema. "Cha watoto waliozaliwa chomboni. Wanataka dirisha."

Niliendelea kufuta meza ya kukatia.

"Lina upinde juu. Upinde wa ajabu, unaanza mpana unamalizia mwembamba. Wamesema bila dirisha hilo hawajengi, na bila chumba hicho hawana hadithi ya mwaka ujao." Alitoa kipande cha boksi kilichochorwa kwa makaa, akakiweka mezani, akakisogeza kwangu kwa kidole kimoja. Aliongea taratibu, neno moja moja. "Nimewaambia huenda halikatiki. Nimewaambia mume wangu ndiye fundi, atakachosema ndicho. Halikatiki, sivyo?"

Barabarani palikuwa na jua kali na watu wanapita na mambo yao. Nilikuwa nimeliomba neno lile kwake, na sasa alikuwa ameniletea mlangoni, limefungwa vizuri, nilitamke mimi. Nilifungua mdomo. Nikautazama mchoro. Na nikaona, Mungu anisamehe, nikaona mahali gurudumu la kukatia litakapoanzia, na pale linapobana nikaona namna ya kugeuza mkono kioo kisipasuke, kitu ambacho sijawahi kukifanya na ambacho mtaa mzima hakuna mwingine angekiweza.

Kufumba na kufumbua, futi ilikuwa imeshatoka mfukoni.

"Linakatika," nilisema.

Hakucheka, wala hakuniita muongo. Alizunguka meza, akanishikia ncha ya pili ya futi, tukaanza kupima.